Mgeni Katika Hadithi ya Watu: Birth by Sleep na Historia ya Hadithi Zinazokutana

Utangulizi

Ndugu msomaji, naomba usikunje uso kabla hujafika aya ya pili. Najua kurasa hizi zimezoea Shaaban Robert, Kezilahabi na Penina Muhando, na kwamba ukikuta neno "gemu" katika jarida la uhakiki utasema wanafunzi wa siku hizi wameishiwa. Mwenzangu mmoja wa semina alinikatiza kabla hata sijamaliza kueleza mada: "Dada, hiyo siyo fasihi, hiyo ni kumaliza chaji tu." Darasa zima likacheka, na mimi nikacheka nao. Nilipofika hosteli nikaanza kuandika.

Kazi ninayokusudia kuihakiki inaitwa Kingdom Hearts Birth by Sleep. Ni mchezo wa video wa kuigiza uhusika wenye mapigano ya papo kwa papo, uliotengenezwa kwa ajili ya PSP, ile mashine ya mkononi ya Sony yenye kioo cha inchi 4.3. Ulitolewa Japani tarehe 9 Januari 2010, ukafika Marekani na Ulaya mwezi Septemba mwaka huohuo. Ni sehemu moja ya mfululizo mrefu unaokutanisha wahusika wa hadithi mbalimbali chini ya paa moja. Hapa nitauita utanzu huo "hadithi mseto".

Swali langu ni hili: mgeni akiingia katika hadithi ya watu, anaruhusiwa kugusa nini, na ni nani anayempa ruhusa? Swali hili limezaliwa Japani, lakini jibu lake nimelikuta nyumbani.

Jinsi mchezo ulivyofika kwetu

Kwetu ni Makote, Newala, juu ya uwanda wa Makonde, mahali ambapo watu wako juu na maji yako chini. Msimu wa korosho wa mwaka 2016 bei ilikuwa nzuri, na binamu yangu, mtoto wa mjomba, aliyekuwa akisoma Masasi, alirudi likizo na PSP iliyokwishatumika, mgongo umefungwa kwa selotepu. Ndani yake kulikuwa na memori kadi yenye michezo minne. Tusidanganyane: zilikuwa nakala za kunakili, hakuna aliyelipa Japani hata senti. Nalisema hili wazi kwa sababu suala la ruhusa litarudi mbele.

Tulikuwa watatu: kaka yangu, binamu na mimi. Mchezo nao una mashujaa watatu, Terra, Ventus na Aqua, na kila mmoja ana hadithi yake na faili lake la kuhifadhi. Basi tukagawana. Kaka alimchukua Terra kwa kuwa ndiye mkubwa na ndiye mwenye misuli. Binamu alimchukua Ventus, mwepesi wa kukimbia. Mimi nikaachiwa Aqua. "Wa kike achukue wa kike," walisema, na shauri likaishia hapo. Kiingereza chetu kilikuwa cha kidato cha kwanza, kwa hiyo maneno yaliyopita chini ya kioo tulikuwa tunayasoma kwa kubahatisha, kama mtu anayesikiliza redio yenye mikwaruzo. Chaji tulipata kwa jirani mwenye sola.

Chimbuko la mfululizo

Mfululizo wa Kingdom Hearts ulianza mwaka 2002 kwenye PlayStation 2. Kampuni ya Square ya Japani, ambayo mwaka 2003 iliungana na Enix ikawa Square Enix, ilikuwa maarufu kwa michezo ya Final Fantasy. Disney ya Marekani haihitaji utambulisho. Kampuni hizo mbili zilikubaliana kuweka wahusika wao katika kisa kimoja, na kazi ya kuongoza akapewa Tetsuya Nomura, ambaye kabla ya hapo alijulikana zaidi kwa kuchora wahusika. Nomura akabuni kijana wake mwenyewe, Sora, mwenye silaha yenye umbo la ufunguo. Kijana huyo husafiri kutoka ulimwengu mmoja hadi mwingine, na malimwengu mengi ni filamu za Disney ambazo mtazamaji ameshazijua.

Mwaka 2004 ikaja Chain of Memories kwenye Game Boy Advance. Mwaka 2005 ikaja sehemu ya pili kwenye mashine kubwa, mwaka 2009 ikaja 358/2 Days kwenye Nintendo DS, kisha mwaka 2010 Birth by Sleep. Msomaji aone jambo moja hapa. Watu wengi hudhani mashine ndogo hupewa makombo, yaani vituko vya pembeni visivyo na uzito. Katika mfululizo huu sivyo. Birth by Sleep, kazi ya mkononi, ndiyo inayobeba mzizi wa kisa chote: matukio yake yanatangulia yale ya mwaka 2002 kwa miaka kumi, na bila hiyo huwezi kuelewa Sora ametoka wapi wala adui yake ni nani. Sisi tuliosoma hadithi za Kiswahili katika vijitabu vyembamba vya kukunja mfukoni hatupaswi kushangaa. Ukubwa wa kazi haupimwi kwa ukubwa wa chombo.

Fani: kisa kimoja, macho matatu

Terra, Ventus na Aqua wanalelewa na mwalimu mmoja, Eraqus. Ukizipanga upya herufi za jina lake kwa namna Kiingereza kinavyoandikwa, unapata Square, jina la kampuni yenyewe. Waandishi nao wana utani wao. Terra na Aqua wanafanya mtihani wa kuwa mabingwa. Aqua anafaulu, Terra anashindwa kwa sababu giza limeonekana moyoni mwake. Anatokea mzee mmoja, Xehanort, anayemnong'oneza Terra kwamba giza si aibu. Kuanzia hapo watatu hao wanatawanyika.

Ufundi mkubwa uko katika usimulizi. Mchezaji huchagua aanze na nani, na kila hadithi hupita katika nchi zilezile kwa zamu tofauti. Chukua kisa cha Cinderella. Ventus anafika wakati gauni linatengenezwa, naye amepunguzwa akawa mdogo kama panya. Terra anafika usiku wa dansi na kumsindikiza msichana hadi ukumbini katikati ya hatari. Aqua anakuwapo asubuhi ya kiatu, msichana amefungiwa chumbani na ufunguo haupatikani. Hakuna hata mmoja wa mashujaa hao anayekiona kisa chote. Kila mmoja anaondoka akidhani ameielewa nchi ile, kumbe amechungulia dirisha moja tu.

Mfano mzito zaidi ni huu. Kabla Aqua hajaondoka nyumbani, mwalimu anamwagiza kwa siri amwangalie Terra. Ukicheza upande wa Aqua, ni utii uliochanganyika na mapenzi: anakwenda kumlinda ndugu. Ukicheza upande wa Terra, siku anapogundua agizo lile huko Radiant Garden, ni usaliti mtupu: mtu aliyemwamini amekuwa mpelelezi. Tukio ni lilelile, maneno ni yaleyale. Kilichobadilika ni mahali uliposimama. Darasani tunaliita jambo hili mtazamo wa msimulizi na tunaliandikia insha za kurasa tano. Hapa mchezaji hupewa alishike kwa vidole vyake.

Mchezo umejenga sheria juu ya fani hiyo. Sura ya mwisho haifunguki mpaka umemaliza hadithi zote tatu na kukusanya ripoti za Xehanort. Huwezi kusema "mimi ni wa Terra" ukafika mwisho. Ni sharti uvae miguu ya wote watatu, hata yule uliyemkasirikia.

Kuna kipengele kingine cha kiuchezaji ambacho kwangu ni dhamira iliyovaa nguo za kanuni. Shujaa akikutana na mtu na wakawa marafiki, anaweza baadaye, katikati ya vita, kuazima nguvu za rafiki yule kwa muda. Kila uliyekutana naye njiani amebaki kwako kama uwezo. Wazee wetu wanasema mtu ni watu. Wajapani wameiweka methali hiyo kwenye kitufe.

Mgeni asiyegusa kitu

Baada ya sifa, nije kwenye lawama, maana uhakiki usio na lawama ni tangazo la biashara.

Katika mfululizo huu wasafiri wanatakiwa wasivuruge mpangilio wa malimwengu wanayotembelea. Ndani ya kisa hiyo inaonekana kama maadili. Lakini ukiitazama historia ya utengenezaji utaona kwamba ni mkataba. Wahusika wana mwenyewe. Nomura amewahi kueleza kwamba katika mchezo wa kwanza hakuwa na uhuru wa kumtumia Mickey Mouse apendavyo, na kweli katika kazi ile Mickey anaonekana kwa kitambo kidogo tu, mwishoni. Mwenye nyumba alimruhusu mgeni aingie, ila asisogeze viti.

Matokeo yake yanaonekana katika Birth by Sleep. Katika nchi ya mrembo aliyelala, Maleficent anamvuta Terra, na Terra kwa mkono wake mwenyewe anautoa moyo wa Aurora. Ni kosa la kutisha, ambalo mtunzi wa tamthilia angelijengea tendo zima. Lakini hadithi ya Aurora lazima imalizike kama filamu ya mwaka 1959 ilivyomalizika: Aqua anafika, mwana wa mfalme anasaidiwa, binti anaamka, kila kitu kinarudi mahali pake. Terra ametenda dhambi katika nchi isiyoruhusiwa kuwa na kovu. Ndiyo maana maumivu ya kweli ya kazi hii yote yanatokea katika nchi ambazo Nomura na wenzake walizibuni wenyewe: nyumbani kwa Eraqus, ambako mwalimu anauawa, na katika makaburi ya silaha, ambako marafiki watatu wanapotezana. Kwa watu wengine wanatembea. Kwao wenyewe ndiko wanakolia.

Wageni wa kwetu

Sasa naomba turudi kusini mwa Tanzania, kwa sababu hadithi mseto kwetu haikuanza na PSP.

Mwaka 1870 Edward Steere, mmisionari wa Kianglikana aliyekuwa Unguja, alichapisha London mkusanyo wa hadithi za Kiswahili. Humo mna kisa cha Sultani Darai, ambamo paa anamtajirisha bwana wake maskini kwa hila. Mtu aliyesoma kisa cha paka mwenye viatu cha Charles Perrault, kilichochapishwa Ufaransa mwaka 1697 pamoja na kile cha Cinderella na kiatu chake cha kioo, atatambua kwamba mifupa ya visa hivyo viwili ni mmoja. Nani alimwazima nani? Bahari haikuandika risiti.

Steere huyohuyo, akiwa askofu, mwaka 1876 aliongoza kundi la watumwa walioachwa huru kutoka Unguja kuelekea Ziwa Nyasa. Walipofika Masasi walisimama, na Masasi ikawa kwao. Walikuwa watu waliong'olewa katika hadithi zao za kwanza, wakatupwa katika hadithi ya watumwa, kisha wakaletwa kwenye nchi yenye wenyewe. Hao hawakuwa wageni wa kutembea tu. Walioa, wakaolewa, wakazika, wakazikwa. Walisogeza viti.

Baadaye, Vincent Lucas, askofu wa kwanza wa Dayosisi ya Masasi kuanzia mwaka 1926, alijulikana kwa kukataa kuifuta jando. Badala yake jando iliingizwa ibada za Kikristo. Wapo walioona ni hekima, wapo walioona ni kuharibu vyote viwili. Vyovyote iwavyo, hapo hadithi mbili zilikutana na zote mbili zikabadilika.

Na kabla ya Lucas, mwaka 1906, Mjerumani Karl Weule alikaa Masasi na Newala akikusanya vitu na kurekodi nyimbo kwa santuri za nta. Aliyaona pia mavazi ya uso ya Wamakonde. Upande wetu tunawaita midimu. Ng'ambo ya Ruvuma, Msumbiji, ngoma yao ni mapiko. Mambo ya ndani ya jando siyajui, mimi ni mtoto wa kike, na hata ningeyajua nisingeyaandika hapa. Lakini yanayochezwa uwanjani ni ya wote. Katika vinyago vya mapiko wachongaji hawakuishia kwenye mizimu na wazee. Walichonga Mzungu wa serikali, wakachonga Mwarabu, wakachonga Mhindi wa duka. Wakamwingiza ngomani, wakamchezesha, watu wakamcheka.

Je, bwana mkubwa yule aliombwa ruhusa? Hakuombwa. Ndiyo tofauti ninayotaka msomaji aione. Hadithi mseto ya Square Enix na Disney ni ya watu wawili wenye nguvu waliotia saini, na kwa hiyo kila mhusika anarudi kwao bila mkwaruzo. Hadithi mseto ya mapiko ni ya mtu aliyetawaliwa, anayemchukua mtawala wake bila saini na kumpa kichwa cha mti. Mhusika yule hawezi kurudi alivyokuwa. Ameguswa.

Sisemi kwamba mkataba ni mbaya na wizi ni mzuri. Mchongaji akiona kinyago chake kimenakiliwa kiwandani ana haki ya kulalamika, na mimi niliyecheza nakala ya kunakili sina mdomo wa kuhubiri. Ninachosema ni kwamba hadithi zikikutana kwelikweli, lazima mmoja atoke na kovu. Birth by Sleep ilijua hivyo ilipokuwa nyumbani kwake. Kwa watu ilinyamaza.

Faili lililofutika

Nimefika mahali ambapo mwalimu wangu atasema natoka nje ya mada. Naomba anivumilie.

Januari 2017 nilikuwa nimemfikisha Aqua karibu na mwisho. Asubuhi moja nikawasha mashine, nikakuta faili langu halipo. Aliyekuwa na mashine usiku ule ni binamu. Sikuuliza. Nililia, nikamwambia mama, mama akamwambia mjomba. Kwa Wamakonde ukoo huhesabiwa kwa mama, na kauli ya mjomba kwa watoto wa dada yake ni nzito. Mjomba akasimama upande wangu mimi, mtoto wa dada yake, dhidi ya mwanawe wa kumzaa. Alimsema mbele yetu sote. Binamu hakujibu neno. Alirudi Masasi bila kuaga, na mashine akatuachia.

Miaka minne baadaye kaka yangu, tukiwa tunabangua korosho, akasema kama mtu anayesimulia kichekesho kwamba faili lile alilifuta yeye alfajiri. Alitaka kuhifadhi la kwake, mashine ikamuuliza swali kwa Kiingereza, akabonyeza ndiyo. Alipoona mambo yamekuwa makubwa akanyamaza.

Nilimwandikia binamu ujumbe. Siku hizi yuko Mtwara mjini. Alijibu baada ya siku mbili: "Mimi nilijua ni yeye. Tulilala chumba kimoja, nilimwona. Ningesema, nani angeniamini?"

Jibu lile nimelisoma mara nyingi kuliko kitabu chochote cha orodha yetu ya mwaka huu. Mimi nilikuwa na hadithi yangu kamili: kosa, mkosaji, hukumu. Nilikuwa Aqua niliyetumwa kulinda haki. Upande wake ilikuwa hadithi nyingine kabisa, ya mtu anayemwona baba yake akichagua, na anayekaa kimya ili ndugu wengine wawili wasigombane. Mchezo tuliokuwa tumeushika mikononi ulikuwa unatufundisha jambo hilohilo kila siku, na sisi tulikuwa tumegawana mashujaa ili kila mmoja asihangaike na upande wa mwenzake.

Hitimisho

Nimejaribu kuonyesha mambo matatu. Kwanza, kwamba kazi hii ya mkononi ina fani inayostahili uhakiki, hasa usimulizi wake wa macho matatu. Pili, kwamba udhaifu wake unatokana na historia yake: ni mgeni mwenye mkataba, kwa hiyo anaogopa kugusa. Tatu, kwamba sisi wa kusini tuna historia ndefu ya hadithi zinazokutana, katika ngoma, katika jando na katika ukoo, na historia hiyo inaweza kuwa kipimo cha kuhakikia kazi za wengine badala ya kungoja kupimwa.

Mwishoni mwa Birth by Sleep mwili wa Terra umetekwa, moyo wa Ventus umelala, na Aqua, katika kumwokoa Terra, ameporomoka gizani peke yake. Wachezaji walingoja mpaka Januari 2019, Kingdom Hearts III ilipotoka, ndipo watatu hao wakakutana tena. Miaka tisa kamili.

Sisi bado. Nimemwomba binamu aje anisimulie upande wake tangu mwanzo, bila kumkatiza. Amesema ataona, labda msimu wa korosho. PSP ipo, selotepu ileile, betri imevimba kidogo. Faili la Ventus halijaguswa.